Filamu Fupi ya Mwendo wa Kila Siku: Matini Tusiyoisoma Homa Bay na Migori

Utangulizi

Wanafunzi wa fasihi ya Kiswahili tumezoea kuuliza maswali manne kila tunapokabidhiwa kazi mpya: ploti yake ni ipi, wahusika wake ni akina nani, dhamira yake ni ipi, na mtunzi ametumia lugha gani. Maswali haya ni mazuri na yametuvusha mitihani mingi. Hata hivyo, ipo aina moja ya kazi ya sanaa ambayo tukiitazama kwa maswali hayo pekee tutadhani haina kitu. Ninarejelea filamu fupi inayoonyesha mwendo wa kila siku na kukomea hapo: mama anapanda kutoka ziwani na mtungi wa maji, mvuvi anakung'uta wavu, mwendeshaji bodaboda anasubiri abiria chini ya mti. Hamna jambazi, hamna harusi, hamna mahubiri. Dakika kumi zikiisha mtazamaji huuliza, "Sasa? Mbona hakuna kilichotokea?"

Makala haya yanashikilia kwamba kilichotokea ni kingi, na kwamba wasomi wa Kiswahili wana zana za kutosha za kukisoma. Aidha, yanashikilia kwamba haja ya kuisoma na kuitengeneza filamu ya namna hii ni kubwa zaidi katika kaunti za Homa Bay na Migori, ambazo zamani zilikuwa sehemu ya Wilaya ya Nyanza Kusini, kwa sababu wakazi wake wamepigwa picha na wageni kwa muda mrefu kuliko walivyojipiga wenyewe. Jambo lenyewe si la anasa ya wapenda sinema. Ni suala la nani ana haki ya kueleza maisha ya mtu mwingine, na kwa kasi gani.

Sinema ilianza kwa mwendo wa kawaida

Wanaodhani kwamba filamu isiyo na kisa ni uzushi wa siku hizi wanafaa kukumbushwa historia. Mwaka 1895, katika jiji la Lyon nchini Ufaransa, Louis Lumière alisimamisha kamera mbele ya lango la kiwanda cha familia yake akawapiga picha wafanyakazi wakitoka kazini. Filamu hiyo haifiki dakika moja. Wanawake kwa wanaume wanatoka, mbwa anapita, lango linabaki. Ndiyo mojawapo ya filamu za kwanza kabisa kuonyeshwa hadharani jijini Paris tarehe 28 Desemba mwaka huohuo. Kwa hiyo, mwendo wa kila siku si pambo lililobandikwa katika sinema baadaye; ndio uliokuwa chanzo chake. Lakini tusisahau jambo moja ambalo litatufaa mbele: mwenye kiwanda ndiye aliyekuwa mwenye kamera.

Barani Afrika mfano ulio bora ni Borom Sarret, filamu ya dakika zipatazo 20 iliyoongozwa na Ousmane Sembène wa Senegal mwaka 1963. Inamfuata mwendesha mkokoteni wa farasi mjini Dakar kwa siku moja tu. Anabeba abiria wasiolipa, anampeleka mama mjamzito hospitalini, anambeba baba aliyefiwa na mtoto hadi makaburini. Hatimaye anakubali kumpeleka mtu aliyevaa vizuri katika mtaa wa wakubwa, ambako mikokoteni imepigwa marufuku, na polisi anamnyang'anya mkokoteni wake. Anarudi nyumbani mikono mitupu. Mkewe anampokeza mtoto, anamwambia kwamba watakula usiku ule, kisha anatoka nje. Filamu haituelezi anakokwenda. Mtazamaji aliyeiona siku ile yote hahitaji kuelezwa, na hapo ndipo uchungu ulipo.

Yafaa wanafunzi wa fasihi wajue kwamba Sembène alikuwa mwandishi wa riwaya kabla hajashika kamera. Aliiendea sinema kwa kuwa alitambua kwamba wengi aliowaandikia hawakuweza kumsoma. Hivyo basi hakuikimbia fasihi. Aliifuatisha kwa wenyewe. Naye Abbas Kiarostami wa Iran, mwaka 1970, alianza kazi yake kwa filamu fupi kuhusu mtoto anayerudi nyumbani na mkate, akamkuta mbwa njiani asithubutu kupita. Hamna zaidi ya hayo, na takribani hakuna neno linalosemwa. Hata hivyo kila aliyewahi kutumwa dukani akiwa mdogo ataielewa.

Upole wa aina mbili

Hapa lazima tuwe waangalifu, kwa maana si kila kamera iliyotulia ina heshima. Afrika Mashariki ina historia yake ya filamu za polepole, na historia hiyo haipendezi.

Kati ya mwaka 1935 na 1937 palikuwa na mradi wa filamu za elimu kwa Waafrika uliokuwa na makao yake Vugiri, katika milima ya Usambara, Tanganyika. Mradi huo uliendeshwa na L. A. Notcutt na Geoffrey Latham, ukatengeneza takribani filamu 35 kuhusu kilimo, afya, kodi na kuweka akiba, kisha ukazizungusha kwa lori katika Tanganyika, Kenya, Uganda na nchi jirani. Maelezo yalirekodiwa katika sahani za santuri kwa lugha kadhaa za Kiafrika, Kiswahili kikiwemo. Baadaye, mwaka 1939, Uingereza iliunda kitengo cha filamu za makoloni. Kiongozi wake, William Sellers, aliamini kwamba Mwafrika hawezi kufuata picha zinazobadilika upesi. Kwa hiyo alishauri picha ziwe ndefu, mwendo uwe wa taratibu, na hila za kamera ziepukwe.

Ukizilinganisha kwa jicho la juujuu, unaweza kusema kwamba Sellers na Kiarostami walitaka jambo moja: picha ndefu, mwendo wa taratibu, mambo machache. Lakini umbo linaweza kufanana ilhali nia ni mbingu na ardhi. Sellers alikwenda polepole kwa sababu alimdharau mtazamaji; alidhani haoni. Msanii wa filamu tunayoizungumzia huenda polepole kwa sababu anamwamini mtazamaji; anajua kwamba akipewa muda ataona zaidi ya anachoelezwa. Wa kwanza hujaza maelezo ili mtazamaji asikosee. Wa pili hupunguza maelezo ili mtazamaji afikiri.

Kutokana na tofauti hiyo napendekeza kipimo cha kuhakiki filamu za aina hii. Tusiulize tu kama kamera imetulia. Tuulize: je, aliyeishika anajua huyu anayetembea ametoka wapi, anakwenda wapi, na amebeba nini? Na je, huyo anayetembea anajua kwamba anatazamwa na kwa nini? Filamu inayoshindwa katika maswali haya mawili, hata ikiwa nzuri namna gani, ni jamaa ya lori lile la Vugiri.

Ziwa moja, kamera nyingi

Tuyalete haya karibu na nyumbani. Watu wengi duniani waliowahi kuona Ziwa Viktoria katika sinema waliliona kupitia Darwin's Nightmare, filamu ya Hubert Sauper wa Austria iliyotoka mwaka 2004. Ilipigwa Mwanza na kuzungumzia sangara, ambaye upande wetu tunamwita mbuta, pamoja na biashara yake, umaskini na silaha. Ilisifiwa sana Ulaya. Nchini Tanzania ilizua ubishi mkali, na mwaka 2006 Rais Jakaya Kikwete aliikosoa hadharani. Nia yangu hapa si kuamua nani alikuwa na haki. Ninalotaka kulitaja ni kwamba filamu ile ilitafuta jinamizi, na anayetafuta jinamizi hana nafasi ya kumtazama mama anayeanika dagaa.

Pwani za Homa Bay na Migori nazo zimepata wageni wao wenye kamera. Aghalabu huja kwa mambo matatu: ukimwi, ukame, na ule utaratibu uitwao jaboya, ambapo mwanamke mchuuzi hulazimika kumpa mvuvi mwili wake ili auziwe samaki. Mambo haya yapo, na atakayeyaficha atakuwa anawadhulumu wanaoumia. Lakini mgeni hufika asubuhi, hupiga mahojiano mawili, huweka muziki wa huzuni, na jioni ameshaondoka. Waliobaki ufuoni huwa wamegeuzwa kuwa tatizo, wala si watu tena.

Sasa fikiria kamera inayokaa. Uvuvi wa omena, yaani dagaa, hufanywa usiku. Mashua hutoka jioni zikiwa na taa, kwa kuwa omena hufuata mwanga. Usiku wa mbalamwezi taa hazina nguvu, kwa hiyo kazi hupungua. Usiku wa giza kazi huongezeka. Ratiba ya ufuo, kwa hivyo, haiandikwi na saa ya ukutani bali na mwezi. Alfajiri mashua hurudi, wanawake huwa wamekwisha kungoja na karai zao, omena huanikwa juu ya nyavu kuukuu, hugeuzwa, huokotwa mawingu yakitanda, huanikwa tena. Kwa miaka mingi serikali ya Kenya imekuwa ikifunga uvuvi wa omena kati ya Aprili na Julai ili samaki hao wazaliane, na mwendo huu wote husita. Nyavu hukunjwa, karai hukauka, na watu hao hao huonekana shambani au barabarani.

Kamera itakayokaa ufuoni Mbita au Sori kwa alfajiri moja tu, bila kusema neno, itaona nani anafika wa kwanza, nani anauziwa wa kwanza, nani anasubiri hadi jua kuwa kali. Suala la jaboya litakuwa mbele yetu bila mtu kuulizwa swali la kumwaibisha. Hapo ndipo uchache wa filamu hii unapoonyesha nguvu yake: hausemi dhuluma, bali huonyesha utaratibu ambamo dhuluma imejificha. Wahenga walinena, usione vyaelea, vimeundwa. Foleni nayo imeundwa.

Zana tulizo nazo tayari

Yamkini msomaji ataniuliza: haya yote yanahusu Kiswahili kwa vipi? Jibu la kwanza ni kwamba nadharia zetu zinayahusu. Tunafundishwa takriri kama mbinu ya kishairi. Filamu ya mwendo wa kila siku ni takriri tupu: hatua, ndoo, hatua, ndoo, kisha mara ya nne kitu kidogo kinabadilika, na mabadiliko hayo ndiyo mshororo wa mwisho. Tunafundishwa kwamba mwaka 1917 Viktor Shklovsky wa Urusi alisema kuwa kazi ya sanaa ni kukifanya kilichozoeleka kionekane kigeni. Ni kipi kilichozoeleka kuliko kuchota maji?

Fasihi simulizi nayo ina la kuongeza. Wawe ni nyimbo za wakulima na kimai ni nyimbo za wavuvi na mabaharia. Nyimbo hizo hazikutungwa kando ya kazi. Mapigo yake ni mapigo ya jembe na kasia. Kwa hakika, filamu inayofuata mikono ya mwanamke anayechambua omena ni wimbo wa kazi ambao maneno yake yameondolewa ili mapigo yasikike. Mwanafunzi anayeweza kuhesabu mizani anaweza pia kuhesabu muda wa picha.

Isitoshe, fasihi andishi ya Kiswahili ilishazoea uchache. Said Ahmed Mohamed, katika tamthilia ya Amezidi iliyotoka mwaka 1995, anatupa Ame na Zidi, watu wawili ambao maisha yao ni maneno na kungoja. Euphrase Kezilahabi alituandikia Nagona mwaka 1990 na Mzingile mwaka 1991, riwaya fupi zisizofuata ploti ya mstari mnyoofu. Tulilalamika kidogo, kisha tukaziandikia tasnifu. Ikiwa tuliweza kustahimili msafiri wa Kezilahabi, hatuna udhuru wa kumkataa mchuuzi wa Kendu Bay anayetembea kuelekea sokoni.

Barabara na lugha

Jibu la pili linahusu lugha yenyewe. Wapo watakaosema kwamba filamu isiyo na mazungumzo haina lugha na kwa hiyo haituhusu. Nawaalika wasafiri, hata kwa fikra, kutoka Homa Bay hadi Rongo, kisha waelekee kusini kupitia Awendo na mji wa Migori hadi Isebania, ambako ng'ambo ya pili ni Sirare, Tanzania. Safari hiyo ni filamu kamili. Huko Homa Bay abiria huitana kwa Kidholuo. Kuanzia Rongo, kwenye barabara kuu itokayo Kisii, Ekegusii nacho husikika. Awendo kuna matrela ya miwa. Migori ni mji wa biashara uliojaa watu wa kila asili. Isebania kuna Wakuria, ambao jamaa zao wako pande zote mbili za mpaka. Kadiri gari linavyokaribia mpaka ndivyo Kiswahili kinavyozidi kuwa lugha ya kubishania nauli, kuulizia bei na kusalimiana na mtu usiyemjua.

Mwongozaji akiiweka kamera ndani ya matatu na kuiacha ikisikiliza, atakuwa amerekodi jambo ambalo wanaisimujamii huliandikia sura nzima: uchaguzi wa lugha kulingana na mahali, shughuli na msikilizaji. Katiba ya Kenya ya mwaka 2010, katika kifungu cha 7, iliweka Kiswahili kuwa lugha ya taifa na mojawapo ya lugha mbili rasmi. Lakini katika barabara ile Kiswahili hakitumiwi kwa sababu ya katiba. Hutumiwa kwa sababu mtu ana ndizi za kuuza na mwenzake hajui lugha ya mamaye. Filamu yenye sentensi nne tu za Kiswahili, zikisemwa mahali panapostahili, inaweza kutufunza zaidi kuhusu maisha ya lugha hii kuliko filamu ambayo kila mtu anazungumza Kiswahili sanifu kana kwamba anasoma taarifa ya habari.

Pingamizi

Pingamizi la kwanza ni kwamba filamu hizi zinachosha. Kweli, baadhi zinachosha, kama vile baadhi ya mashairi yanavyochosha. Uchache hauwi sanaa kwa kuwa uchache. Anayepiga picha ukuta kwa dakika tano bila sababu hajawa Kiarostami. Kipimo nilichokitaja hapo juu kitusaidie kutenga punje na makapi.

Pingamizi la pili ni zito zaidi. Linasema kwamba kuonyesha kazi ngumu ya maskini kwa picha za kupendeza ni kuipamba dhiki: mama anatembea kilomita nyingi kwa kukosa bomba, nasi tunasifu mwanga wa jua mgongoni mwake. Hoja hii haiwezi kupuuzwa. Lakini dawa yake si kurudi kwenye filamu za mahubiri. Dawa ni kuonyesha mwendo kwa uaminifu wake wote, pamoja na uzito wake. Kamera ikimfuata mama huyo hatua kwa hatua bila kuruka njia, mtazamaji ataanza kuhisi umbali katika miguu yake mwenyewe. Mkato wa upesi ndio unaoipamba dhiki, kwa maana humfikisha mama nyumbani kwa sekunde mbili.

Pingamizi la tatu ni la fedha. Kwa hilo nasema kwamba aina hii ndiyo rahisi kuliko zote. Haihitaji taa, mavazi wala waigizaji wa kulipwa. Simu ya mkononi inatosha.

Hitimisho na mapendekezo

Tukitaka haya yasiishie kwenye karatasi, napendekeza mambo manne kwa vyama vya wanafunzi na idara zetu.

Kwanza, kila somo la nadharia ya fasihi liwe na angalau filamu fupi moja ya mwendo wa kila siku inayotazamwa darasani na kuhakikiwa kama matini. Borom Sarret ni mwanzo mzuri.

Pili, tuanzishe zoezi la dakika moja. Mwanafunzi achague mahali, asimamishe simu, asiisogeze, asikate, asiongeze muziki. Kisha aandike kurasa mbili za Kiswahili akieleza alichokiona na alichokosa kukiona. Vyuo vikuu vya Rongo na Tom Mboya viko palepale penye ufuo na barabara tunazozizungumzia, na vingeweza kutangulia. Shule za sekondari nazo, ambazo tayari hushindania filamu katika tamasha la kitaifa la drama na filamu, zingefuata.

Tatu, tukubaliane kuhusu istilahi. Bado tunasema "kushuti" na "kukati" kana kwamba Kiswahili hakina maneno. Picha ndefu isiyokatwa, mkato, mkao wa kamera, sauti ya mahali: haya ni maneno yaliyo tayari, yanangoja kutumiwa.

Nne, na hili ndilo kubwa, tuwe na mwiko: mtu asipigwe picha bila ridhaa yake, na filamu ionyeshwe kwanza mahali ilipopigiwa. Shuka lining'inizwe ufuoni, wachuuzi wa omena wakae mbele, na wahadhiri wakae nyuma yao. Mama akisema kwamba omena hawageuzwi hivyo, au kwamba foleni haikuwa namna ile, filamu irudi kuhaririwa. Uhakiki wake utangulie wetu, maana njia hiyo yeye huipita kila siku.